Mkono Ulimao na Haki ya Kurithi: Somo Kutoka Keroka

Kila sifa njema ni ya Mwenyezi Mungu, na rehema na amani zimfikie Mtume wetu Muhammad, na jamaa zake na sahaba zake. Ama baada ya hayo.

Ndugu zetu wasomaji, somo letu la mara hii ni khabari za mwanamke wa shamba, na khasa mwanamke wa nchi ya Wagusii, upande wa Keroka. Huenda msomaji wa Mombasa au Malindi au Lamu akauliza: Keroka na sisi ni wapi na wapi? Wakisii twawajua kwa ndizi zao, na kwa vinyago vya mawe ya Tabaka vinavyouzwa madukani mwetu. Khabari za wake zao zatufaa nini? Jawabu yetu ni kwamba mtu hazioni aibu za nyumba yake mpaka aione nyumba ya mwenziwe. Tumezoea kuwatazama watu wa bara kwa jicho la chini, na kusema kuwa wanawake wao wanatumikishwa na hali wetu wanastirika. Basi tuyatazame mambo hayo kwa insafu, kisha tuulizane ni nani aliye karibu zaidi na dhulma.

NCHI NA WATU WAKE

Keroka ni mji mdogo wa soko katika nyanda za juu za magharibi ya Kenya, kwenye barabara itokayo Kisii kwenda Sotik. Mpaka wa kaunti mbili, Kisii na Nyamira, unapita papo hapo mjini, hata upande mmoja ukawa wa Nyaribari Masaba na upande wa pili ukawa wa Kitutu Masaba. Ni nchi ya vilima, yenye mvua nyingi na baridi, na udongo wake una rutuba. Watu wamekuwa wengi na mashamba yamekuwa madogo. Wenyewe hujiita Abagusii, na lugha yao, Ekegusii, ni ya Kibantu kama Kiswahili chetu. Wengi wao ni Wakristo, Wasabato na Wakatoliki. Hatuandiki kwa kuwacheka, wala kwa kuwasifu kupita kiasi.

Desturi zao za zamani zimehifadhiwa na wazee wao, na pia zimeandikwa na wageni waliokaa nao. Philip Mayer alitoa kitabu juu ya mahari ya Wagusii katika mwaka 1950. Robert na Barbara LeVine walikaa katika kijiji cha huko baina ya 1955 na 1957, na Sarah LeVine alitoa kitabu juu ya akina mama wa Kigusii katika mwaka 1979. Hivyo haya tuyasemayo si maneno ya barazani.

SIKU YA MWANAMKE WA KIGUSII

Katika desturi ya zamani mwanamke huyo aliamka kabla ya jua kuchomoza. Kazi yake ya kwanza ilikuwa moto na maji. Nyumba za Wagusii hujengwa juu ya vilima, na chemchemi ziko chini mabondeni. Kwa hivyo aliteremka na mtungi mtupu, akapanda na mtungi uliojaa kichwani. Anayejua kupanda kilima katika utelezi wa mvua atajua maana ya maneno haya.

Baadaye alishika jembe. Wanaume walifyeka msitu, walijenga nyumba, na walichunga na kulinda ng'ombe. Lakini kulima, kupanda, kupalilia na kuvuna kulikuwa zaidi juu ya wanawake. Chakula chao kikubwa kilikuwa wimbi. Na wimbi si zao jepesi, kwani magugu yake yanapochipua hufanana nalo, na mpaliliaji huinama siku nzima akichagua jani kwa jani. Siku ya kuvuna, masuke hukatwa kwa kisu kidogo, suke moja moja.

Arudipo shamba hakurudi mikono mitupu. Alibeba kuni, na alichuma mboga njiani: chinsaga, ambayo kwetu pwani ndiyo mgagani, na rinagu, ambayo ndiyo mnavu. Kisha alipiga magoti mbele ya jiwe la kusagia, akasaga wimbi mpaka likawa unga, akasonga obokima, yaani ugali, akawapa watu wake. Mtoto mchanga alikuwa mgongoni mwake, au mgongoni mwa mlezi aitwaye omoreri, ambaye kwa kawaida ni dada mdogo asiyezidi miaka kumi. Ndiyo kusema kwamba mtoto wa kike alianza kazi ya kulea kabla hajamaliza yeye mwenyewe kulelewa.

Hawakuwa kila mtu na lake. Wanawake wa nyumba za jirani walifanya chama cha kulima kiitwacho egesangio: leo shamba la huyu, kesho la yule, wala hapana malipo ila zamu. Kulikuwa na kazi kubwa zaidi iitwayo risaga, ambayo mwenye shamba aliwaita majirani na kuwatengenezea pombe ya wimbi. Pombe kwetu ni haramu, na hatuitaji ila kwa kueleza mambo yalivyokuwa. Lakini huko kusaidiana kwa zamu, Muislamu gani atakukataa?

Zama zikabadilika. Waingereza waliposhika nchi ile katika miaka ya 1900 na kitu na kutoza kodi ya vibanda, wanaume wakaenda kutafuta mshahara, wengi wao katika mashamba ya chai ya Kericho, na mzigo wa nyumbani ukazidi kumlemea mke. Ikaja kahawa, yakaja pareto na majani ya chai. Mashine za kusaga zimechukua mahali pa jiwe, na mahindi yamechukua sehemu kubwa ya mahali pa wimbi. Lakini ukipita Keroka hata leo utawaona akina mama katika vilima vya chai, vikapu migongoni, vidole vikichuma majani mawili na kichipukizi.

NYUMBA, GHALA NA NG'OMBE

Sasa tuitazame haki yake katika desturi hiyo. Mwanamume wa Kigusii aliyekuwa na wake wengi hakuwachanganya katika mali. Kila mke alikuwa na nyumba yake, na mashamba yake ya kulima, na ghala yake, ambayo kwao huitwa ekiage. Nafaka ya nyumba hii ilikuwa ya watoto wa nyumba hii. Na ng'ombe waliolipwa kwa kuolewa binti wa nyumba moja walikuwa wa kumwolea ndugu yake wa tumbo moja. Baba akiwachukua kwa kumwolea kijana wa nyumba nyingine, lilikuwa deni baina ya nyumba na nyumba, na deni hilo lilikumbukwa na kudaiwa.

Walikuwa na haya pia. Kanuni zao za heshima, ziitwazo chinsoni, zilimkataza baba kuingia katika nyumba ya mwanawe aliyeoa. Na mke aliyeolewa kwa desturi kamili alivaa miguuni pete za chuma ziitwazo ebitinge, na kila aliyeziona alijua kuwa huyu ni mke wa mtu na ana heshima yake.

Walakini tusisifu kila kitu. Wasichana walikeketwa, na mila hiyo iling'ang'ania hata Kenya ilipotunga sheria ya kuipiga marufuku katika mwaka 2011. Ng'ombe wa mahari walikwenda kwa baba na ndugu wa binti, hawakwenda kwa binti. Na kubwa kuliko yote katika somo letu hili: mwanamke aliyelima maisha yake yote hakurithi ardhi. Kwa baba yake hakupewa, kwa kuwa ataolewa. Kwa mumewe alilima tu, kisha shamba likawa la wanawe wa kiume. Akiachwa na mumewe akarudi kwao, alirudi kama mgeni katika shamba la kaka zake. Ardhi ilipopimwa na kuandikwa, khasa chini ya Sheria ya Ardhi Iliyosajiliwa ya 1963, hati nyingi ziliandikwa kwa jina la mwanamume. Na malipo ya chai yakafuata jina lililoandikwa, si mikono iliyochuma.

Serikali imejaribu kurekebisha. Sheria ya Urithi, iliyopitishwa mwaka 1972 na kuanza kutumika tarehe 1 Julai 1981, haikutofautisha mtoto wa kiume na wa kike. Katiba ya 2010 nayo imeamrisha kuondolewa ubaguzi wa mwanamke katika mambo ya ardhi. Lakini sheria ni kitu kimoja na mila ni kitu kingine, na binti wengi huogopa kudai wasije wakaitwa wachokozi wa ndugu zao.

NA SISI JE?

Hapa ndipo tulipokusudia kufika. Msomaji wetu aliyefikia hapa huenda akasema: Alhamdulillahi, sisi dini yetu ilimpa mwanamke haki yake zaidi ya miaka 1400 iliyopita. Kweli. Aya ya 7 ya Suratun-Nisaa imeweka wazi kwamba wanawake wana sehemu katika walichoacha wazazi na jamaa, kiwe kichache au kingi. Aya ya 4 ya sura hiyo imeyafanya mahari kuwa ya mke mwenyewe, si ya baba yake. Aya ya 32 imeeleza kwamba wanawake wana fungu katika walichochuma, kama wanaume walivyo na fungu katika walichochuma wao. Hayo yote ni kweli, wala hapana Muislamu ayapingaye kwa ulimi.

Bali tunayapinga kwa vitendo. Mzee amekufa, ameacha nyumba mjini na shamba la minazi kiungani. Arubaini imepita, mwaka umepita, miaka kumi imepita. Kodi ya nyumba hupokewa na kaka mkubwa, na nazi huangushwa kwa amri yake. Dada akithubutu kuuliza, huambiwa kwa sauti ya upole: "Dada, nyumba hii ni yetu sote, tuigawe ya nini? Wataka watu watucheke?" Dada huinamisha kichwa. Akifa naye, watoto wake hawajui hata wapi pa kuanzia, kwani wajomba wamekwisha kuuza.

Ndugu zetu, mwanamke wa Keroka alinyimwa ardhi na mila. Mwanamke wetu amepewa na Mola wake, na sisi tumesimama katikati tukaizuia isimfikie. Ni ipi dhulma kubwa zaidi katika hizi mbili: ya asiyekuwa na Kitabu cha kumwongoza katika jambo hili, au ya aliyekuwa nacho kabatini?

Na hoja juu yetu ni nzito zaidi kwa sababu sisi wenyewe tuliomba. Ilipokuja Sheria ya Urithi, Waislamu wa Kenya walilalamika kwamba mirathi yao ni dini yao. Katika mwaka 1990 sheria ikabadilishwa, Waislamu wakatolewa ili warithiane kwa sharia ya Kiislamu; na kifungu cha 170 cha Katiba ya 2010 kimezithibitisha mahakama za Kadhi. Tumeachiwa tulichokitaka. Je, tukiulizwa na wenzetu, "Mmekifanyia nini?", tutawaonyesha nini?

KISA CHA MABINTI WA SAAD

Tukumbuke kisa alichopokea Jabir bin Abdillah (r.a.), kilichomo katika vitabu vya Abu Daud na Tirmidhi. Saad bin Rabii aliuawa shahidi katika vita vya Uhud. Ndugu yake akachukua mali yote, na hakuwaachia kitu mabinti wawili wa marehemu. Mjane wa Saad hakunyamaza kwa haya. Alikwenda kwa Mtume (s.a.w.) pamoja na mabinti zake, akaeleza kwamba mali imechukuliwa, na kwamba mabinti hawataolewa pasina kitu. Mtume akamwambia kuwa Mwenyezi Mungu atahukumu katika jambo hilo. Ikateremka aya ya mirathi. Mtume akamwita ammi yao, akamwamuru awape mabinti thuluthi mbili, na mama yao thumuni, na kinachobaki ndicho chake.

Tuangalie mambo matatu. La kwanza: mwanamke alidai haki yake mbele ya kiongozi wa umma, na hakukemewa. La pili: Mtume hakusema "ngojeni mambo yapoe", aliamuru itolewe. La tatu: ammi hakunyimwa fungu lake, kwa kuwa haki ni ya kila mtu kwa kipimo chake.

Wala asidhani mtu kwamba wanawake wa zama zile walikuwa wa kukaa tu. Bibi Fatima (r.a.) mikono yake iliumia kwa kusaga kwa kijaa. Asmaa binti Abubakar (r.a.) alibeba kokwa za tende kichwani kutoka shamba la mumewe Zubeir, mwendo wa mbali. Na khaloo ya Jabir, alipokuwa katika eda ya kuachwa, alimwuliza Mtume kama aweza kutoka kuvuna mitende yake, naye akamruhusu. Mtungi wa maji na jembe la Keroka si aibu, ndugu zetu. Aibu ni kuila jasho ya mtu na kumnyima kilicho chake.

MFANO WA HESABU

Ili asije mtu akasema kuwa hesabu ni ngumu, tuweke mfano. Mtu amekufa, wazazi wake wakiwa wamekwisha kufa, akaacha mke mmoja, mwana mmoja wa kiume na mabinti wawili. Kwanza hutolewa gharama za maziko. Kisha madeni, na mahari ya mke yasiyolipwa ni deni katika hayo. Kisha wasia usiozidi thuluthi. Baada ya hayo tuseme imebaki minazi 320. Mke apata thumuni, ndiyo minazi 40. Inabaki 280, na mwana wa kiume apata mafungu mawili, kila binti fungu moja. Kwa hivyo mwana wa kiume apata 140, na kila binti apata 70. Jumla ya 40 na 140 na 70 na 70 ni 320. Kazi hii haizidi dakika tano, nasi tumeiacha miaka thelathini.

UDHURU TUNAOUTOA

Kuna wasemao: "Dada ana mume wa kumlisha." Ni kweli kuwa mume analazimika kumlisha mkewe, na kwa ajili hiyo fungu la ndugu wa kiume limezidi. Lakini hiyo ndiyo hesabu aliyokwisha kuipiga Mwenyezi Mungu. Hatuna ruhusa ya kuitumia mara ya pili ili tulile na lile fungu lililobaki.

Kuna wasemao: "Wenyewe wamesamehe." Tuwaulize: wamesamehe walipokuwa na mali mikononi, au walipokuwa na haya mbele ya wazee? Haki isiyopata kushikwa, ikasamehewa kwa kuogopa kukata udugu, radhi yake ina shaka kubwa. Mpe kwanza fungu lake mkononi, kwa maandishi na mashahidi, akae nalo. Akija baadaye kwa hiari yake akakupa, hiyo ni hiba halali.

Kuna wasemao: "Tukigawa, mali itapotea." Basi Wagusii, ambao twawatazama kwa jicho la chini, waliweza kuitambua ghala ya kila nyumba na ng'ombe wa kila nyumba, bila daftari na bila karani, na udugu wao haukuvunjika. Sisi wenye kadhi, wakili na afisi ya ardhi tutashindwaje? Kinachovunja udugu ni mali isiyogawiwa, si mali iliyogawiwa.

YATUPASAYO

Yatupasa mambo manne. Kwanza, kila mwenye mali aandike leo alicho nacho na anachodaiwa, na mahari ya mkewe yakiwa hayajalipwa ayaandike katika madeni. Pili, mtu akifa, warithi wakutane mapema, wanawake wakiwapo wenyewe, na waende kwa Kadhi mafungu yajulikane. Tatu, jina la binti liandikwe katika hati ya nyumba au shamba, kwani zama hizi haki isiyoandikwa hupotea. Nne, mabinti wafundishwe mlango wa mirathi katika vyuo na madrasa, kama wanavyofundishwa udhu na sala, ili ajuaye asiweze kudanganywa.

Na walio na mashamba ya wazee wao mikononi, ambayo dada zao hawajapata kitu, wasingoje Siku ya Kiyama. Mwenyezi Mungu alipomaliza kueleza mafungu, aliiita hiyo mipaka yake, akawaahidi Pepo wanaoitii na akawaonya kwa Moto wanaoipindukia. Hayo yako katika aya ya 13 na ya 14 za Suratun-Nisaa. Hatujui onyo lililo wazi kuliko hilo.

MASWALI YA KUZUNGUMZWA DARASANI

1. Ni kazi gani za mwanamke wa Keroka ambazo masahaba wa kike walizifanya pia?
2. Desturi ya Wagusii iliihifadhije mali ya kila nyumba, na ilimdhulumu wapi mwanamke?
3. Mtu amekufa, ameacha mke, mabinti wawili na ndugu mmoja wa baba na mama. Igawe mali yake kwa mafungu 24. (Rejea kisa cha Saad.)
4. Katika ukoo wako, liko shamba au nyumba isiyogawiwa? Ni nani anayestahiki ambaye hajapewa?

Swali la nne halina haja ya kujibiwa mbele za watu. Kila mmoja wetu alijibu nyumbani kwake, na jawabu yake ampelekee dada yake.

Twamuomba Mwenyezi Mungu atuonyeshe haki kuwa ni haki na aturuzuku kuifuata, na awarehemu akina mama waliotulea kwa jasho lao, wa pwani na wa bara. Amin.